Kalendari ya Omera: miezi mbili, Giza ine, na deni ya siku sita

Omera ni dunia yenye ninatunga toka zamani, iko na ziwa moja kubwa katikati, milima inaizunguka pande zote, na angani kuko miezi mbili. Hadisi zake nimeshaandika mingi, lakini leo sitaki hadisi, nataka nieleze kalendari yake yote, toka hesabu ya anga mpaka kesi ya deni, juu batu mingi benye banatungaka dunia kama hizi ninaona banaanzia ku majina. Mutu anaketi, anatafuta majina kumi na mbili yenye inasikika muzuri, Mwezi ya Simba Mweupe, Mwezi ya Upanga, Mwezi ya Machozi, kila mwezi siku 30, juma siku saba, mwaka siku 360, anasema basi, kalendari imeisha. Kwangu mimi ile haijakuwa kalendari bado. Kalendari ni kitu yenye inaamuria batu: usiku gani utaingia ku ziwa, siku gani utapanda maharagi, siku gani mwenye ulikopa kwake atakuja kugonga ku mulango, na zaidi ya yote, nani iko na haki ya kusimama mbele ya batu na kusema "mwaka imeisha". Kama haujajibu hizo, majina hata ikuwe mazuri namna gani ni mapambo tu.

Tuanze na anga. Siku ya Omera nimeiacha sawa na siku yetu, sikuona faida ya kusumbua musomaji na masaa mapya. Mwaka, maana ile muda jua inatumia mpaka kurudia kuchomoza palepale katikati ya milima mbili za mashariki, ni siku 390. Mwezi mukubwa banaitaka Mama, toka inazimika mpaka inazimika tena ni siku 31 na nusu. Mwezi mudogo banaitaka Mutoto, yeye siku 18. Sasa kamata biki na kaye. 31 na nusu mara ine inatoa 126. 18 mara saba inatoa 126. Roho ya kalendari yote iko pale: kila siku 126 zikipita, Mama na Mutoto zinazimika usiku moja, anga inabaki na nyota tu, na ile usiku njo banaitaka Giza. Giza tatu zinafanya siku 378, mwaka iko na 390, kunabaki siku 12. Zile siku 12 zenye hazina pa kukaa njo zimeleta kila kitu yenye ninapenda ku Omera: kesi, ndoa za haraka, vita ya bandari, nyimbo.

Rafiki moja aliniuliza juu ya nini nisiweke mwaka siku 378, Giza tatu ziingie sawasawa bila matata. Nilimujibu kama anga ya kweli haifanyake vile. Hapa kwetu duniani mwezi inatumia siku 29 na nusu na kidogo, ukipiga mara 12 unapata siku 354, na mwaka ya jua ni siku 365 na karibu robo, kunapungua karibu siku 11. Juu ya zile siku 11, Baislamu ba hapa Bukavu, mashariki ya Congo, banafunga Ramadani kuko miaka ya mvua na kuko miaka ya kiangazi, kalendari yao inafuata mwezi peke yake, haiangalie jua. Bayuda bao banaongeza mwezi mzima mara 7 ndani ya miaka 19, na ile hesabu ya 19 ni ya zamani sana, batu ba Babeli baliitumia, na Mugiriki moja, Meton wa Athene, aliitangaza mwaka 432 mbele ya Yesu: miaka 19 inalingana karibu kabisa na miezi 235. Na siye Bakristo tuko mulemule. Pasaka ni siku ya yenga yenye inafuata mwezi kujaa kwa kwanza nyuma ya ile tarehe ya mwezi wa tatu wakati usiku na muchana zinalingana, njo maana 2024 tulisali Pasaka tarehe 31 mwezi wa tatu, na 2025 ikatupeleka mpaka tarehe 20 mwezi wa ine. Kwaresima inafuata, Pentekoste inafuata. Mutu anaangalia kalendari ya paruwasi yenye imetundikwa ku ukuta, anaona tarehe iko na rangi nyekundu, kumbe nyuma ya ile tarehe kuko mwezi inafanya kazi.

Kwa hiyo Omera nayo nilitafuta namba yake, kama vile Meton. Siku 12 kwa mwaka, mara 21, inafanya siku 252, na 252 ni Giza mbili kamili. Miaka 21 ni siku 8190, ni Giza 65, haibakishe hata siku moja. Ile siku jua inachomoza pa nafasi yake kati ya milima, na usiku wake miezi zote mbili zinazimika. Banaitaka Kupatana. Ni siku kuu moja tu yenye batu ba ziwa na batu ba mulima banafanya pamoja. Mutoto mwenye amezaliwa ku Kupatana ataona ingine akiwa na miaka 21, ingine 42, ingine 63, na mwenye ameona ine kwa macho yake banamupatia kiti mbele ku baraza, hata kama alikuwa maskini maisha yake yote.

Kuko kitu ingine yenye hesabu ilinitolea bila mimi kuiomba, na mpaka leo inanifurahisha. Mama na Mutoto hazijaake pamoja usiku moja, hata siku moja, milele. Angalia: toka Giza, Mama inajaa ku siku 15 na robo tatu, kisha 47 na robo, 78 na robo tatu, 110 na robo. Mutoto inajaa ku siku ya 9, 27, 45, 63, 81, 99, 117. Zinakaribiana ku 45 na 47, zinakaribiana tena ku 78 na 81, lakini hazikutane, juu ine inagawanyika kwa mbili na saba inakataa. Zinapatana kuzimika, hazipatane kuwaka. Na pale katikati kabisa, siku ya 63, Mama imezimika zii na Mutoto imejaa peke yake angani. Nilipoona ile ndani ya kaye nilijua sikukuu ya batoto itakuwa wapi. Usiku ya Mutoto, kila mutoto wa Omera mwenye hajabadilisha meno yote anaweza kuingia nyumba yoyote na kula ndani ya sufuria yoyote, na mukubwa haruhusiwe kutoka inje mpaka jua litoke, akitoka batoto banaweza kumutuma maji. Kuko pia manabii benye banatembea ku bandari banahubiri kama iko siku Mama na Mutoto zitajaa pamoja na deni zote zitafutwa. Batu banabaamini, banauzisha mitumbwi, bananunua nguo nyeupe. Bazee benye banashika hesabu banajua ile usiku haitafika, na kuko benye bananyamaza makusudi, juu mitumbwi inauzishwa bei ya chini. Hiyo yote ilitoka ku ine na saba.

Batu ba ziwa hawahitaji jua sana kwa kazi yao, na hapo sikutafuta mbali, niko mutu wa Bukavu. Sambaza, samaki ndogondogo ya ziwa Kivu, inavuliwa usiku kwa taa: mitumbwi tatu zimefungwa pamoja na miti mirefu, wavu katikati, taa inawaka juu ya maji, samaki zinafuata mwangaza, kisha bavuvi banavuta wavu na banaimba ili mikono yote ivute wakati moja. Mwezi ikijaa, ziwa lote linapata mwangaza, taa ya muvuvi inapoteza nguvu yake, mavuno inashuka. Mama moja mwenye ananiuzishaka sambaza, nilikuta beseni yake iko na kitu kidogo kule chini na bei imepanda, nikamuuliza, "Mama, leo tena ni nini?" Akaendelea kufukuza nzi na kipande ya karato, akajibu, "Mwezi inawaka, mwanangu. Urudi juma ijayo." Hakuna tarehe mule ndani, hakuna jina ya mwezi, lakini ni kalendari kamili: inasema bei, inasema kazi, inasema lini urudi. Na uangalie hii pia: ile sambaza yenyewe haikuwaka ku ziwa Kivu, iliingizwa mwaka 1959, ikitolewa ku Tanganyika. Maana yake mutu mwenye alizaliwa mbele ya 1959 amezidi umri ile kazi yote ya taa ya sambaza na usiku zake. Benye banatungaka dunia banapenda kila desturi ikuwe ya miaka elfu tatu, haihitaji, samaki moja mupya inatosha kubadilisha namna batu banahesabu usiku ndani ya maisha ya mutu moja.

Ku Omera basi, mwezi ya batu ba ziwa inafuata Mama, moja iko na siku 31, yenye inafuata 32, tena 31, tena 32, zote ine zinafanya 126. Hazina majina. Kila moja imegawanywa mbili: usiku za taa, wakati Mama ni mudogo ao hayuko, na usiku za sindano, wakati Mama anawaka na mitumbwi iko ku kivuko, banaume banaketi banashona nyavu. Ndoa zote za ziwa zinafanywa ku usiku za sindano, juu njo wakati bwana harusi iko nyumbani na kuko mwangaza ya kucheza ngoma bila kununua mafuta ya taa. Ukiandika hadisi na muvuvi anaoa usiku ya taa, kila musomaji wa Omera anajua kuko kitu haiende vizuri, labda bibi harusi iko na mimba, labda kuko mutu banamukimbia.

Batu ba mulima hawana haja na Giza. Bao banafuata mvua, na mvua inafuata jua. Balimi ba huku kwetu banajua vizuri, msimu A unaanza ku mwezi wa tisa, msimu B ku mwezi wa pili ao wa tatu, ukikosa ile dirisha ya kupanda maharagi utakula majani. Mwaka ya mulima inaanza siku jua inachomoza ndani ya ile nafasi kati ya milima mbili, na mvua ya kwanza inakujaka siku kidogo tu mbele yake. Kuko balinzi ba jua benye banakaa juu ya jiwe, banaangalia, banatangaza kwa pembe. Pembe ikilia, bamama banatoka na mbegu. Muweke akilini bale balinzi, nitarudi kwao.

Juma nayo nilikataa kuweka siku saba bila kuuliza. Siku saba haiko angani, batu njo baliiweka. Baigbo ba Nijeria banahesabu juma ya soko ya siku ine, ku Java kuko juma ya soko ya siku tano yenye inatembea pamoja na ile ya saba, na ukizichanganya zinarudi kupatana kila siku 35. Wafaransa bao, wakati ya mapinduzi yao, mwaka 1793, balifuta juma wakaweka siku kumi, na miezi wakaipatia majina ya hali ya hewa na ya mashamba, mwezi ya theluji, mwezi ya mvua, mwezi ya joto. Majina ilikuwa mazuri sana kwa masikio. Lakini mufanyakazi alikuwa anapumzika siku moja ku saba, sasa anapumzika moja ku kumi, na theluji ya Paris haianguke ku koloni zao za Karibe. Tarehe 1 mwezi wa kwanza 1806 kalendari ya zamani ilirudi. Huku kwetu pia, juma yetu iko na alama ya mwenye alikuwa analipa: batu ba pwani banaanza kuhesabu ku Jumamosi, sisi siku yetu ya kwanza ni ile ya kuanza kazi, na ile Jumamosi yao kwetu ni siku ya posho, juu njo siku bakampuni ya wakati ya Babeleji balikuwa banagawia bafanyakazi chakula ya juma. Kampuni zingine zimekufa, posho hakuna tena, siku imebaki.

Ku Omera juma ni siku sita, juu kuko bandari sita na soko inazunguka. Siku ya Kashe soko iko Kashe, kesho yake siku ya Bwindo soko iko Bwindo, kisha Muranda, Nyabo, Sefuli, Itara. Mugeni akiuliza "leo siku gani?" jibu inamuonyesha na njia ya kuenda, hahitaji kuuliza mara mbili mitumbwi inaelekea wapi. Sasa Itara ilizama. Zamani sana maji ilipanda usiku moja ikameza bandari yote, nyumba, batu, soko. Siku ya Itara ilibaki ndani ya juma lakini haina pa kuenda. Hakuna soko, hakuna mutu anauzisha hata chumvi, batu banakaa ku milango, banapika mbele ya jua kutoka na banakula baridi. Hiyo njo siku yao ya kupumzika, hakuna kuhani mwenye aliiamuru. Ninapenda ile siku kuliko yote ndani ya kalendari, na sijaandika bado hadisi yenye iko ya Itara peke yake, ninaichunga.

Kitu ingine ndogo yenye inasaidiaka sana kwa hadisi: siku inaanza wakati gani. Muvuvi anaanza siku yake jua likizama, kama vile Bayuda na Baislamu, juu kazi yake ni ya usiku na asubui ni mwisho. Mulimi anaanza jua likitoka, kama vile siye tunahesabu saa moja ya asubui. Mutoto akizaliwa katikati ya usiku, ku ziwa iko na siku moja, ku mulima iko na siku ya jana yake. Umri nayo haifanane. Ku ziwa banahesabu umri kwa Giza, musichana anaweza kuolewa akiwa na Giza 60, ile ni siku 7560, kwa mulima ni miaka 19 na kidogo, kwa siku zetu za hapa ni miaka 20 na zaidi ya nusu. Ku mulima sheria inasema miaka 18 za Omera. Basi kuko binti mwenye baba yake ni wa mulima na mama yake ni wa ziwa, na kwa ile muda yote ya katikati, Giza ine na zaidi, kwa upande wa baba yake ni mutu mukubwa na kwa upande wa mama yake ni mutoto. Mutu wa Bukavu hatashangaa sana na mambo ya saa mbili ndani ya inchi moja, redio ikitoa saa ya Kinshasa siye tunaongeza moja kichwani bila hata kufikiri.

Sasa deni. Ardhi ya kandokando ya ziwa, pale mitumbwi inapandishwa na samaki inaanikwa, ni ya bakubwa ba mulima. Muvuvi analipa kodi. Mapatano ya zamani inasema kodi ya mwaka inagawanywa tatu, unalipa moja kila Giza. Inaonekana haki kabisa, mwaka moja, Giza tatu, malipo tatu. Lakini ndani ya miaka 21 muvuvi alipaswa kulipa mara 63, na Giza zenye zinapita ni 65. Na bale bakubwa wakilipa bafanyakazi ba shamba zao, banabalipa kwa mwaka ya jua, ile ya siku 390. Kukusanya banatumia hesabu fupi, kulipa banatumia hesabu ndefu. Hakuna mutu alificha kitu, hakuna mizani ya uongo, ni kalendari mbili tu na mutu mwenye nguvu anachagua ya kutumia.

Mwenye aliigundua ni mujane wa Muranda. Bavuvi banashikaka hesabu kwa kamba, kila Giza fundo moja, na kamba inawekwa ndani ya mufuko ya ngozi ya samaki juu ya jiko, moshi inaikausha ili panya isiikule. Alikuwa na kamba ya bwana yake, na kabla ya hapo ilikuwa ya baba mukwe wake, fundo zingine zimekuwa nyeusi na ngumu sana huwezi kuingiza hata ukucha. Siku ya baraza alileta ile kamba na kikapu ya mawe madogo, jiwe moja kwa kila sehemu ya kodi yenye mapatano inasema kwa miaka 21. Akaweka kamba chini, akapita na vidole fundo kwa fundo, kila fundo anaweka jiwe kando yake, bila kuongea. Mawe yakaisha, fundo mbili zikabaki. Mukubwa wa mulima alisema mwanamuke huyu hajue kuhesabu. Akamujibu, "Basi uhesabu wewe, baba, tunakuangalia." Akahesabu. Fundo mbili.

Kutoka pale njo sheria ya Giza ya ine ilizaliwa. Ukipanga Giza zote 65 ndani ya miaka 21, utaona kila mwaka iko na Giza tatu, isipokuwa mwaka ya 11 na mwaka ya 21, hizo ziko na ine. Sheria inasema mwaka yenye iko na Giza ine, ile ya ine ni ya bure, hakuna kodi, hakuna deni kudaiwa, mwenye kugonga mulango ya mutu ile usiku anapigwa faini. Sheria fupi, mutu yeyote anaielewa, hauhitaji kujua kuzidisha.

Lakini angalia Giza ya 34, ile ya ine ndani ya mwaka ya 11. Inaanguka siku ya 4284. Mwaka ya 11 inaisha siku ya 4290. Siku sita tu. Balinzi ba jua wakipiga pembe siku saba mapema, waseme jua tumeliona ndani ya nafasi yake, mawingu ilikuwa mingi nyinyi hamukuona, basi Giza ya 34 inaruka inaingia mwaka ya 12, inakuwa ya kwanza, na Giza ya ine inapotea. Na balinzi banalishwa na nani? Na bakubwa ba mulima. Hiyo sikuitoa hewani. Roma ya zamani, makuhani wao njo balikuwa na mamlaka ya kuongeza mwezi ya ziada, na balitumia: mwaka ya rafiki yao ku madaraka inarefushwa, ya adui inafupishwa, mpaka kalendari ikaachana na jua kabisa, na Julius Caesar kwa kuirudisha alilazimika kufanya mwaka 46 mbele ya Yesu ikuwe na siku 445.

Uzuri wa hesabu ni kwamba haiachilie muongo. Ukificha Giza ya ine ku mwaka ya 11 kwa kuiba siku saba, mwaka ya 12 inapata ine, Giza ya 34, 35, 36 na 37. Basi lazima uibe tena, mwaka ya 12 uifunge mbele ya Giza ya 37, sasa uko mbele ya jua kwa siku 19. Mwaka yenye inafuata tena, siku 31. Kila mwaka siku 12 zingine, hauwezi kusimama, juu siku yenye utasimama Giza ya ine itatokea mbele ya batu bote. Na wakati huo pembe inalia, bamama ba mulima banatoka na mbegu juu njo vile bamama zao balifanya, banapanda ndani ya vumbi, mvua iko mbali mwezi mzima, ndege zinakula, zenye zinabaki zinakauka. Muvuvi ananyang'anywa kodi, lakini mwenye analala njaa ni mulimi wa mulima, jirani ya bale bakubwa wenyewe, mutu mwenye hakuwaka na habari hata ya Giza moja.

Njo maana hadisi yenye ninaanza kuandika sasa sikuiweka ku Kupatana, penye kila mutu angeiweka, na sikuiweka ku usiku ya kesi. Inaanza mwanzo ya mwaka ya 14 ya uongo, pembe imelia siku 31 mapema, na kuko bamama wawili ba mulima benye banakataa kupanda. Bamekwangua udongo na kidole, bameikuta kavu mpaka chini, na banajua kama kule Muranda kuko kamba ndani ya mufuko ya ngozi ya samaki. Kutoka kwao mpaka ziwani ni mwendo ya siku tatu kwa miguu, na siku yenye batafika itakuwa siku ya Itara, hakuna mutumbwi yenye itabavukisha.